Asiransi iko ya polisi, haiko ya hospitali: tunakataa

Kabondo, Kisangani

Wananchi wenzetu wa Kabondo, na ninyi wa Makiso, Tshopo, Mangobo, Kisangani na Lubunga ng'ambo ya mto,

Wazee, mama, vijana, motari, mashofa, wauzaji wa soko, walimu,

Tunawaandikia juu ya karatasi moja ndogo. Motari anaibeba mfukoni ndani ya plastiki ili mvua isiiharibu. Shofa anaibandika kwenye kioo cha motokari. Inaitwa asiransi. Ndugu zetu wa Tanzania na Kenya wanaiita bima. Sheria inasema karatasi hii ni ya kumlinda mtu anayegongwa barabarani. Huku kwetu imekuwa karatasi ya kupitia bariere.

Tulimuuliza motari mmoja wa hapa kwetu juu gani anailipia. Hakufikiri mara mbili: "Ile karatasi iko ya polisi, haiko ya hospitali." Ni maneno machache, lakini yanaonyesha ugonjwa wote. Leo tunataka kusema na serikali juu ya maneno yale.

KILICHOTUFIKISHA HAPA

Kuna mama mmoja, jirani yetu, anauza kwanga na samaki ya kukausha. Jioni moja alikuwa anarudi kutoka soko, motokari ikamgonga pembeni ya barabara. Mguu ulivunjika mahali pawili. Motokari ilikuwa na asiransi. Tuliiona kwa macho yetu kwenye kioo, na tarehe yake ilikuwa haijapita. Tukamwambia mama: vumilia, hii kesi ni nyepesi, kuna asiransi.

Tulijidanganya.

Hospitali iliomba pesa ya kuanzia mbele ya kumgusa. Familia iliuza mashini ya kushona, kisha ikauza bati zilizokuwa zinangojea kujenga nyumba. Shofa alitoa pesa siku mbili za kwanza, siku ya tatu simu yake ikafungwa. Ndipo tukaanza kutembea na dosie. PV ya polisi: pesa ya karatasi, pesa ya wino. Cheti cha daktari: pesa. Fotokopi: pesa. Kampuni ikaomba kontra ya asiransi, na kontra ilikuwa kwa mwenye motokari, naye hakutaka kutuona. Tulipoipata, wakasema picha ya mguu haionekani vizuri, ipigwe ingine. Tulipoleta picha ingine, wakasema: "Mama, dosie yako imeenda ku Kinshasa. Ungojee."

Tulienda kwenye ile biro mara 11. Tulihesabu. Mama alienda na fimbo, akiketi nyuma ya toleka, mguu umenyooshwa pembeni kama mzigo wa kuni. Miezi 14 ilipita. Mwishoni wakamwonyesha franga ambazo hazikufika hata nusu ya deni la hospitali, pamoja na karatasi ya Kifaransa. "Saini hapa, mama. Kama hapana, utakosa yote." Mama hasomi Kifaransa. Alisaini. Karatasi ilikuwa inasema kwamba hana tena neno lolote la kudai.

Hatutaji jina la mama, na hatutaji kampuni. Tukisema kampuni fulani, kesho watafukuza karani mmoja, na mambo yataendelea. Muulizeni jirani yenu, muulizeni mtoto wa shangazi yenu. Kabondo nzima iko na hadithi kama hii, na kila mtu anafikiri yake ni bahati mbaya ya nyumba yake.

SHERIA INASEMA NINI

Wanatuambia kwamba nchi haina sheria. Uongo. Sheria iko, na ni ya zamani kuliko wengi wetu.

Tarehe 5 Januari 1973 nchi hii ilitoa sheria nambari 73/013: kila motokari inayotembea barabarani lazima iwe na asiransi ya kulipa madhara inayowafanyia watu wengine. Someni vizuri: watu wengine. Shofa na mwenye motokari ndio wanaolipia, lakini anayelindwa ni yule mama wa kwanga. Haki ya kudai kwenye kampuni ni yake mwenyewe. Hapaswi kumbembeleza mwenye motokari ili amruhusu.

Tarehe 17 Machi 2015 tukapata sheria nambari 15/005, ndiyo Kode ya asiransi. Sheria hii ilimaliza monopoli ya SONAS na kufungua soko kwa kampuni zingine. Na kwa dekreti ya tarehe 26 Januari 2016 ikaundwa ARCA, mamlaka ya kusimamia na kuchunguza asiransi, chini ya uangalizi wa Wizara ya Fedha. ARCA ndiyo inayotoa kibali kwa kampuni, ndiyo inayoweza kukiondoa, ndiyo inayoweza kuiadhibu kampuni. Na kati ya kazi zake za kwanza kuna kulinda haki za wenye asiransi na za wale wanaopaswa kulipwa.

Kwa hiyo hatudai kitu kipya. Tunadai kilichosainiwa.

KAMBA YENYE NCHA MBILI

Hili ndilo neno letu, na mengine yote yanatoka hapa.

Asiransi ya lazima ni kamba yenye ncha mbili. Ncha ya kwanza imefungwa kwa mwananchi: lazima ulipe. Ncha ya pili inapaswa kufungwa kwa kampuni: lazima ilipe. Serikali imeshika ncha ya kwanza kwa mikono miwili, na ya pili imeiacha chini kwenye matope.

Motari akikosa karatasi, moto yake inalala ku polisi leo hii hii. Hakuna cha kungojea, hakuna cha dosie kwenda Kinshasa. Lakini kampuni ikimzungusha mgonjwa miezi 14, nani analala ku polisi? Biro gani inafungwa? Faini gani inaandikwa? Kwenye njia panda kuna mtu amesimama kuchunguza karatasi ya motari toka asubuhi hadi jioni. Mlangoni mwa kampuni nani amesimama?

Serikali ikikulazimisha kununua kitu, inakuwa mdhamini wa kile kitu. Haiwezi kusema hayo ni mambo yako na muuzaji. Mtu anayenunua nyanya soko la kwetu akipewa zilizooza, kesho anaenda kwa mama mwingine, hakuna polisi anayemrudisha kwa yule wa kwanza. Lakini asiransi tunanunua kwa nguvu ya sheria. Nguvu ile ikisimama upande mmoja tu, haiitwi tena asiransi. Ni kodi. Na ni kodi mbaya zaidi, kwa sababu kodi ya kweli, hata ikiliwa, angalau ilikuwa na jina la barabara au la shule.

Wazee walisema ahadi ni deni. Asiransi ni ahadi iliyolipiwa mbele. Mwenye kuahidi ameshakula pesa, amejenga biro, amenunua motokari yenye klimatizeri. Sasa deni liko wapi?

HATUTAKI KURUDI NYUMA

Kuna wazee wanaosema: heri zamani, wakati wa SONAS peke yake. Tunawaheshimu, lakini hapana.

SONAS iliundwa mwaka 1966, na mwaka uliofuata ikapewa monopoli. Karibu miaka 50 hapakuwa na mlango mwingine wa kubisha. Mwenye kuuza ni serikali, mwenye kuchunguza ni serikali, mwenye kulalamikiwa ni serikali. Ukikosa kulipwa, unaenda kumshitaki nani kwa nani?

Na wako wazazi walioweka pesa ya uzeeni kwa zaire, wakiamini karatasi zao. Mwaka 1993 serikali ilileta zaire mpya: moja ilichukua nafasi ya zaire za zamani milioni 3. Mwaka 1998 ikaja franga: moja kwa zaire mpya 100,000. Fanyeni hesabu: franga moja ni zaire za zamani bilioni 300. Mzee aliyelipa kila mwezi miaka 20, mkononi amebaki na karatasi yenye muhuri mzuri. Hakuna aliyekuja nyumbani kwake kumwomba msamaha.

Kwa hiyo tulifurahi Kode ilipotoka. Tulifurahi pia mwaka 2019, ARCA ilipotoa vibali vya kwanza kwa kampuni za binafsi. Hatuchukii kampuni. Tunajua mji usio na asiransi ni mji ambapo moto moja kwenye duka inamaliza familia tatu. Lakini kufungua soko si kumaliza kazi. Ukifungua soko bila kuweka mizani, umewafungulia wezi. Zamani mlango ulikuwa mmoja na umefungwa. Leo milango ni mingi. Swali letu ni lile lile: ukibisha, nani anafungua?

KUCHELEWESHA NI KUPUNGUZA

Kampuni inaweza kusema: lakini mwishoni tunalipa. Tuangalie ile "mwishoni" ina uzito gani.

Mwanzo wa mwaka 2016 dola moja ilikuwa karibu franga 930. Mwaka 2024 ilipita franga 2,700. Mtu aliyepaswa kulipwa franga 930,000 mwaka 2016, zilikuwa dola 1,000: angelipa hospitali, angeanza tena biashara. Akilipwa franga zile zile mwaka 2024, hazifiki dola 350. Hakuna aliyempora kwa bunduki, hakuna aliyebadilisha namba kwenye karatasi. Walimngojesha tu. Kwa nchi yenye franga iliyoshuka hivyo, kungojesha ni njia ya kulipa theluthi moja na kuandika kwenye daftari kwamba umelipa yote.

Ndiyo maana muda ni moyo wa jambo hili. Fidia inayokuja mguu umeshapona vibaya, mtoto ameshatoka shuleni, na bati zimeshauzwa, haiitwi fidia. Ni pole.

KISANGANI INAJUA NENO "FIDIA"

Msitufundishe subira. Mji huu umesomea subira hadi ukapata diploma.

Juni 2000, siku sita, kuanzia tarehe 5 hadi 10, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana juu ya vichwa vyetu. Watu waliuawa majumbani mwao, hapa Kabondo pia. Mahakama ya Haki ya Kimataifa ilisema Uganda ina kosa mwaka 2005, na tarehe 9 Februari 2022 ikaamua ilipe dola milioni 325, milioni 65 kila mwaka kwa miaka mitano. Miaka 22 kutoka risasi hadi hesabu. Mfuko wa kugawa pesa hizo, FRIVAO, uko hapa hapa Kisangani, na kila mmoja wetu anajua foleni, orodha zinazobadilika, na majina yanayoingia na kutoka.

Tarehe 8 Julai 2011 ndege ya Hewa Bora ilianguka ikijaribu kutua Bangoka katika mvua. Watu zaidi ya 70 walikufa. Sisi wana wa mji huu bado hatujaona daftari la wazi ambapo mwananchi anaweza kusoma: familia ngapi zililipwa, kiasi gani, tarehe gani.

Mambo haya si sawa, tunajua. Vita si ajali ya barabarani, wala ndege si moto ya taxi. Lakini kwa mtu aliyeumizwa njia ni moja: anaenda biro, anaambiwa ungoje, hakuna anayemwandikia jibu, na siku pesa inapotoka hajui imehesabiwa namna gani. Tukizoea hivyo kwa mambo makubwa, tutazoea pia kwa mguu wa mama wa kwanga. Sisi tunaanza na mguu.

MAJIRANI WAMEFANYA AJE?

Hatusemi kwao ni paradiso. Kenya mwaka 2005 kampuni ya United Insurance, iliyokuwa imechukua matatu nyingi, iliwekwa chini ya msimamizi kwa kushindwa na madeni, na wenye matatu wakabaki na kesi za ajali mikononi. Kampuni zingine zilianguka baadaye. Lakini Kenya iliweka mfuko wa kuwalipa wenye bima wakati kampuni inaanguka, na pesa yake inakatwa kidogo kidogo kwenye kila bima inayouzwa. Mfuko hautoshi kila kitu. Lakini upo, una mlango na una sheria.

Tanzania ilitunga Sheria ya Bima mwaka 2009. Mamlaka yao, TIRA, imeweka njia ya mwananchi kuhakiki stika ya bima kwa simu yake: unaingiza namba, unaona kama ni ya kweli na kampuni ni ipi. Na wanaye msuluhishi wa migogoro ya bima, ambaye mtu mdogo anaweza kumfikia bila kuuza shamba ili alipe avoka.

Hayo mambo hayakushuka kutoka mbinguni. Yalitungwa na watu wanaosema lugha hii tunayoandika. Sisi tunashindwa nini?

TUNAJUA MTATUJIBU NINI

Mtasema: motari wenyewe hawalipi asiransi, wengine wananunua karatasi za uongo. Ni kweli, na tunawaambia motari wenzetu bila kuwaficha: ndugu, yule unayemgonga ni mama ya mtu, na karatasi ya uongo ni wizi kwa mgonjwa. Lakini ninyi wakubwa, jiulizeni pia. Nani ananunua mwavuli wenye matundu? Motari akiona mara moja tu kampuni imelipa hospitali ndani ya wiki mbili, atalipa bila polisi. Hofu ya bariere haijawahi kujenga imani.

Mtasema: kuna watu wanaleta dosie za uongo, vyeti vya uongo, PV za kununuliwa. Ni kweli pia. Basi chunguzeni, na mkikataa, kataeni kwa maandishi, kwa sababu inayosomeka, na kwa muda unaojulikana. Kunyamaza miezi 14 si kuchunguza. Ni kungojea mtu achoke ao afe.

Mtasema: soko bado changa. Soko ni changa, sawa, lakini deni ni la mwaka 1973. Mguu uliovunjika haungoji soko likomae.

Mtasema: hayo ni mambo ya Kinshasa, provensi haina nguvu. Kinshasa ni zaidi ya kilometa 1,700 kwa mto. Lakini polisi wanaosimama njia panda wako hapa. Gavana yuko hapa. Wabunge wa provensi wako hapa. Burugumestre wa Kabondo yuko hapa. Kwa kuchunguza karatasi ya motari, Kinshasa iko karibu sana. Kwa kumlipa mama, Kinshasa inakuwa mbali. Tumechoka na hiyo jiografia.

TUNADAI

1. ARCA iwe na mlango Kisangani, unaojulikana na watu wa kila komini. Si jengo la ghorofa: meza moja, mtu mmoja mwenye mamlaka, daftari la kupokea malalamiko, na namba ya simu ya bure. Ajibu kwa Kiswahili na Lingala.

2. Kila miezi mitatu ARCA itangaze, kampuni kwa kampuni: dosie ngapi zimepokelewa Tshopo, ngapi zimelipwa, ngapi zimekataliwa, na siku ngapi zimepita kati ya ajali na malipo. Tunataka kuchagua kampuni kwa kuangalia nani analipa, si kwa kuangalia nani ana karatasi ya bei ya chini.

3. Muda wa kujibu na muda wa kulipa ubandikwe ukutani kwenye kila biro ya asiransi. Ukipita, kampuni iongeze riba, na hesabu ifanywe kwa thamani ya siku ya ajali.

4. Orodha ya kampuni zenye kibali na ya maajenti wao ibandikwe kwenye kila biro ya komini, na iwekwe njia ya kuhakiki karatasi kwa simu ya kawaida, si lazima simu ya intaneti.

5. Polisi waandike kwenye PV jina la kampuni na namba ya asiransi, na aliyeumizwa apewe kopi bila "pesa ya wino".

6. Kuwe na mfuko wa dhamana unaofanya kazi hapa kwetu: kwa anayegongwa na motokari isiyo na asiransi, ao na motokari inayokimbia, ao ikiwa kampuni imeanguka. Mfuko huo ulipe kwanza matibabu ya siku za mwanzo, madai yafuate nyuma.

7. Hakuna mtu kusaini karatasi ya kumaliza kesi kabla haijasomwa kwake kwa lugha anayosikia, mbele ya shahidi aliyemchagua mwenyewe, na awe na siku za kufikiri.

8. Kampuni inayorudia kosa iadhibiwe wazi. Jina lake litangazwe na ARCA yenyewe kwa radio za Kisangani, sauti ile ile inayotumika kutangaza operesheni za kukamata moto.

SISI TUTAFANYA NINI

Hatutachoma kitu, hatutarusha jiwe. Nguvu yetu ni kuhesabu na kurudi.

Tunafungua daftari la Kabondo. Kila aliyegongwa, kila familia iliyopoteza mtu, kila motari aliyelipia asiransi na hakusaidiwa, aje tuandike: tarehe, mahali, makaratasi yaliyopo, biro zilizotembelewa, pesa iliyotoka mfukoni. Majina yatabaki kwetu. Hesabu zitakuwa za wote.

Hesabu hizo tutaziambatanisha na petisyo kwa ARCA na kwa Waziri wa Fedha, na kopi kwa Gavana na kwa Bunge la provensi. Katiba, kipengele cha 27, inampa kila Mukongomani haki ya kupeleka petisyo kwa wakubwa, peke yake ao pamoja na wengine. Tunatoa siku 60. Zikipita bila jibu, tutawaandikia wakubwa kuwajulisha, kama kipengele cha 26 kinavyotaka, kisha tutaketi kwa amani mbele ya biro inayohusika, kila mmoja na kopi ya dosie yake mkononi. Wenye fimbo wataketi mstari wa mbele.

NA WEWE, FANYA HIVI

Ukigongwa, ao ndugu yako akigongwa, usiache motokari iondoke mbele ya kupiga picha ya plaki na ya karatasi ya asiransi. Andika namba, kampuni na tarehe ya mwisho. Tafuta mashahidi wawili na simu zao. Omba kopi ya PV. Weka kila risiti, hata ya pamba na ya dawa ya maumivu. Barua ukiipeleka kwa kampuni, kopi yako ipigwe muhuri na tarehe. Wakikataa, rudi na shahidi. Usisaini siku ile ile. Na usikubali mtu akwambie kwamba wewe si mteja wao kwa hiyo huna neno. Sheria ya asiransi ya motokari ilitungwa kwa ajili yako.

Motari, ukilipia, soma. Uliza kontra yako, si karatasi ndogo peke yake. Uliza: nikigonga mtu leo, namba gani ninapiga? Ajenti akikosa jibu, jua umenunua karatasi ya polisi.

Mama wetu wa kwanga anatembea sasa, lakini kilema kimebaki. Amerudi soko, anaketi chini mahali alipokuwa anasimama. Tulipomsomea barua hii, alitikisa kichwa akasema: "Wanangu, miye njo nilishasaini." Ndiyo, mama, ulishasaini. Lakini serikali nayo ilisaini, mwaka 1973, tena mwaka 2015. Saini yako iliheshimiwa siku ile ile. Sasa tunataka yake nayo iheshimiwe.

Dawa ya deni ni kulipa.

Sisi, vijana raia wa Kabondo